Polisi Hawalindi Uchochoro

Karakana, 2 Februari

Mjomba Sajini,

Shikamoo. Ukiisoma jioni, shikamoo ni ileile, haichachi.

Huku tunapumua, na kwa vile pumzi hailipiwi tunapumua sana. Mama anakusalimia kutoka nyumbani kwa mumewe; mtoto wao ameota meno na anamng'ata kila mtu isipokuwa baba yake, nadhani ladha haimvutii. Bibi yupo, ila magoti yamegoma. Akitaka kusimama anayabembeleza kwanza kama watoto wasiotaka shule. Mimi Cheche wako ndiye fundi namba moja hapa karakana. Bosi hajalisema hilo kwa mdomo, lakini kazi ngumu zote ananitupia mimi. Shule tuliachana kwa amani, chuma ndicho tumeoana.

Sasa dhumuni. Unakumbuka nyumba yetu ilivyojificha nyuma ya nyumba ya Mzee Redio, na kwamba ukitaka kutokea barabarani unapita ule uchochoro wa ubavuni kwake. Tumepita hapo tangu Mama hajazaliwa. Njia nyingine ni zile ngazi za mawe za nyuma zinazoteremka mtaroni, ambazo hata mbuzi akizifikia husimama akafikiria maisha yake. Mzee Redio alifariki, watoto wake wakauza nyumba, na aliyenunua ni Fundi Cherehani mmoja, mtu wa maneno machache, anayapima kama kitambaa cha mteja.

Mwezi uliopita alikuja karakana akataka geti la uchochoroni. Bosi akanipa mimi. Mjomba, lile geti! Nimelipinda maua juu, nimelipiga rangi mara mbili, watu wakipita wanageuza shingo. Nikalifunga mwenyewe, na bawaba nikazipaka grisi. Nilifikiri wezi ndio watakaokoma. Kuuliza habari ya ufunguo sikukumbuka, nilikuwa najitazama kwenye rangi.

Basi ameibiwa vitambaa kule dirishani, na sasa geti analifunga kwa kufuli. Bibi akitaka kwenda kliniki inabidi agonge na kuita. Siku nyingine Fundi yuko sokoni, Bibi anasubiri amekaa kwenye ndoo. Nimemwambia, "Fundi, huyo ni mtu mzima." Akasema, "Na hapa ni kwangu."

Wewe ni askari. Nimeshamwambia mtaa mzima mjomba wangu ni sajini. Fanya mambo, utume vijana wawili kutoka kituo cha huku wasimame getini siku moja tu, wamtazame vibaya. Hata wasiseme kitu.

Najua huko mpakani simu inashika ikitaka yenyewe, kwa hiyo jibu kwa barua.

Mpwa wako,
Cheche

*

Mpakani, 23 Februari

Mpwa wangu,

Marahaba. Barua imefika. Mimi ni mzima, ingawa mvua imekata barabara na vyakula vinatufikia kwa kuchelewa. Msalimie dada na mumewe. Mwambie bosi wako asante kwa kukuvumilia.

Kuhusu geti. Kwanza, acha kunitangaza mtaani. Mimi si askari wa huko, na hata ningekuwa wa huko, siwezi kutuma watu wakamtazame raia vibaya. Hiyo si kazi, huo ni uhuni wenye sare.

Pili, elewa jambo hili, maana wengi hawalielewi. Nani mwenye uchochoro, nani ana haki ya kupita, hilo ni suala la madai. Linaamuliwa na mahakama. Polisi hana mamlaka ya kusema njia hii ni ya fulani, na hawezi kuwekwa kulinda mali ya mtu mmoja dhidi ya jirani yake. Polisi hulinda amani. Fundi akimpiga mtu, akimtishia, au mtu akivunja kitu cha mwenzake, hapo ni jinai, na polisi watakuja. Kabla ya hapo wataandika maelezo yenu na kuwaambieni muende mahakamani.

Sijasema Fundi ana haki. Watu waliopita mahali miaka mingi bila kuzuiwa wanaweza kuwa na haki ya kuendelea kupita. Lakini hakimu ndiye wa kulisema hilo, si mimi.

Kuwa mtulivu. Usiguse kitu.

Mjomba wako

*

Karakana, 8 Machi

Mjomba Sajini,

Shikamoo tena. Mtoto wa Mama sasa anatambaa na amekula kipande cha sabuni, akaendelea na maisha. Bosi anasema asante yako ameipokea, lakini kuvumilia hajaanza.

Umemsalimia Mama, mumewe na bosi wangu ambaye humjui. Ulipofika kwa Bibi wino uliisha? Mimi ndiye ninayemsomea barua zako, kwa hiyo nilipofika mwisho nikaongeza ya kwangu: "Mwambie mama namkumbuka sana." Akanikazia macho. "Huyo si mwanangu," akasema. "Mwanangu hajawahi kusema sana. Soma kilichoandikwa." Nikamsomea kilichoandikwa. Akasema, "Haya, huyo ndiye," akageukia ukutani.

Kwa kuwa wewe umekataa, nikaenda kituoni mwenyewe, nimevaa shati la pasi. Mezani yuko koplo mmoja mnene anayekunywa chai kama anaihoji. Nikamweleza. Akauliza:

"Amempiga Bibi?"

"Hajampiga."

"Amemtukana?"

"Huwa anamwita mama."

"Sasa kosa lake nini?"

"Geti."

"Geti kaliweka nani?"

Mjomba, nikatazama dari. "Mimi."

"Wewe nani?"

"Mimi fundi. Aliniagiza."

Wote pale ndani walicheka, hata mahabusu. Koplo akafuta macho, lakini akanikalisha vizuri. Akasema maneno yako yaleyale, kana kwamba mlilala mmeyakariri chumba kimoja: polisi hawalindi uchochoro, nenda mahakamani, uombe zuio.

Nisingejali kicheko. Lakini jana Fundi amemwaga matofali ndani ya uchochoro. Anasema atajenga chumba cha cherehani hapohapo, kwa urefu wote. Nikamuuliza, "Na Bibi apite wapi?" Akasema, "Mna ngazi nyuma."

Bibi jana alizijaribu zile ngazi. Alishuka mbili, akakaa ya tatu, nikambeba kurudi. Mwepesi, Mjomba. Nimezoea kubeba vyuma, nikahisi sijabeba kitu.

Cheche

*

Mpakani, 24 Machi

Mpwa wangu,

Marahaba. Habari za mtoto na sabuni zimenichekesha. Sisi huku salama.

Huyo koplo amekushauri vizuri. Nendeni mahakamani, mfungue dai la haki ya kupita, na siku hiyohiyo muombe zuio la muda ili ujenzi usimame wakati kesi inasikilizwa. Mkipata amri hiyo na Fundi akaikaidi, atakuwa anagombana na mahakama, siyo na nyinyi, na hapo hata polisi wanaweza kuombwa kusimamia utekelezaji. Bila karatasi hiyo, askari akisimama getini kwa Fundi ni yeye anayevunja sheria.

Usibishane naye. Usihamishe hata tofali moja.

Msalimie bibi yako.

Mjomba wako

*

Karakana, 5 Aprili

Mjomba,

Shikamoo. Ule mstari wako wa mwisho Bibi aliniomba niusome tena. Nikausoma. Akasema niendelee, nikamwambia umeishia hapo.

Nimekwenda mahakamani. Usinicheke, nilivaa hadi viatu vya Bosi. Karani ni dada mmoja mkali, anaongea huku anagonga mihuri, nusu ya maneno yake inazama kwenye mihuri. Aliniuliza nyumba ni ya nani. Nikasema ya Bibi. Akatazama hati niliyoibeba, akasema hapana, bado ina jina la Babu. Bibi anaweza kulalamika, lakini ili dai lisitupwe, na kwa kuwa hawezi kusimama kizimbani wala kupanda zile ngazi za mahakama, aje mtoto wa marehemu, mtu mzima, asimamie dai. Nikamwambia Mama ananyonyesha na mumewe hataki kusikia neno kesi. Akasema, "Hakuna mtoto wa kiume?" Nikasema yupo, sajini wa polisi. Akaacha kugonga mihuri. "Sasa unahangaika nini? Mwambie aje. Zuio lenyewe linaweza kutoka siku hiyohiyo."

Umesikia? Siku hiyohiyo.

Mjomba, sikuombi sare. Sikuombi bunduki wala kumtazama mtu vibaya, hayo niliyasema nikiwa na utoto wa Februari. Njoo na shati la kawaida. Kaa na Fundi, mnywe chai, uende kwa yule dada wa mihuri uweke sahihi, urudi kwenye mvua zako. Kwenye msiba wa Babu hukuja, ulisema kazi, tukaelewa. Bibi alielewa zaidi yetu, kwa sababu hajawahi kulizungumza mpaka leo.

Fundi ameshachimba msingi. Ameacha ubao mmoja juu yake, Bibi anapita nikimshika mkono. Siku Fundi alipomwona anapita hivyo, aliingia ndani akafunga mlango. Nadhani hata yeye hapendi kuona.

Njoo.

Cheche

*

Karakana, 2 Mei

Mjomba,

Hujajibu. Labda mvua.

Ukuta umefika magotini. Ubao umeondolewa. Bibi hajatoka nje tangu hapo, na siku yake ya kliniki imempita.

Nimezisoma barua zako zote tena, polepole, kidole mstarini. Walimu wangu wangeona wangelia kwa furaha. Na nimepata jibu humohumo, umeliandika kwa mkono wako: polisi huja pakivunjika kitu. Ulikuwa unanifundisha muda wote, mimi ndiye nilikuwa mzito. Wakija wataona ukuta, wataona Bibi amefungiwa kama mzigo, watasimamisha kila kitu mpaka utakapofika wewe.

Usihofu, nina akili kuliko unavyodhani.

Cheche

*

Mpakani, 4 Mei

Mpwa wangu,

Nisamehe kwa kuchelewa. Niliomba likizo, nikaambiwa nisubiri Juni. Pia mkuu wangu alinionya kwamba askari akionekana kwenye ugomvi wa ardhi wa familia yake watu watasema ametumia cheo. Unaona ugumu wangu.

Vumilieni hadi Juni. Narudia, usiguse kitu cha Fundi, hata kwa mzaha.

Mjomba wako

*

Nyumbani, 20 Mei

Mjomba,

Shikamoo. Mama mzima, mtoto mzima, ninaandika haya kwanza ili nisianze na mengine.

Barua yako ya "usiguse" ilinikuta mahabusu. Bosi ndiye aliyeniletea, akaniambia, "Soma, labda ni habari njema."

Nilifanya Jumamosi mchana, watu wote wakiona, kwa sababu sikuwa mwizi. Nilichukua mashine ya kukatia chuma, nikavuta waya wa umeme kutoka dukani kwa kinyozi, nikakata bawaba zangu mwenyewe. Geti likalala chini, maua yakapinda. Kisha nikausukuma ukuta mbichi, ukabomoka nusu. Halafu nikapiga simu kituoni: "Njooni, kuna uharibifu wa mali."

Wakaja upesi kuliko nilivyotarajia. Yule koplo wa chai alikuwa mbele.

"Nani kaharibu?"

"Mimi."

"Aliyepiga simu nani?"

"Mimi pia."

Nikamwonyesha ukuta, nikamwonyesha mlango wetu kule ndani, nikasema, "Sasa pamevunjika kitu, lindeni." Akasema, "Kijana, nani kakufundisha hesabu hii?" Sikukutaja, Mjomba. Basi akanifunga pingu taratibu, kama mtu anayemvisha mtoto saa.

Kumbe nilikuwa nimempa Fundi yale yote ambayo wewe ulisema hana. Hadi Ijumaa alikuwa jirani anayeziba njia ya mwanamke mzee. Jumamosi akawa mlalamikaji, na mimi mshitakiwa. Maelezo yake ndiyo polisi waliyoyaandika, ukuta wake ndio walioupiga picha. Habari za njia ya Bibi koplo alisema zipo palepale zilipokuwa, mahakamani, lakini kwanza tumalize hili la jinai.

Siku ya tatu Bibi akaja. Bosi alimbeba mgongoni kwenye zile ngazi za nyuma, akapita naye mtaroni, suruali matope hadi magotini. Fundi pia alikuwepo. Nilikuwa nyuma ya nondo, nasikia kila neno. Fundi akasema, "Mama, mimi sitaki mtoto afungwe. Nataka nijenge kwa amani. Tukiandikiana kwamba njia imekwisha, malalamiko nafuta."

Koplo akaweka kikombe chini. Akasema, "Bibi, hulazimiki. Njia ile ungeweza kuidai. Kesi ya kijana ni jambo jingine, usizichanganye."

Bibi akasema, "Nipeni mtoto wangu. Njia achukue."

Nikapiga kelele, Mjomba. Nikasema, "Bibi, usiweke dole! Niache nifungwe, mimi kijana, nitatoka!" Hakugeuka. Akaweka dole gumba, akaomba kitambaa cha kufutia wino. Koplo akampa leso yake.

Nimetoka. Mtaani wananiita shujaa, hawajui walisemalo. Nimewaacha waseme.

Cheche

*

Mpakani, 6 Juni

Mpwa wangu,

Nimeisoma barua yako nikiwa zamu, ikabidi mwenzangu anishikie lindo.

Yote niliyokuandikia kuhusu polisi yalikuwa kweli, na ningeulizwa tena leo ningeyasema hivyohivyo. Ila sheria ilimkataza sajini kusimama getini. Haikumkataza mwana kurudi kwa mama yake. Mambo hayo mawili niliyachanganya makusudi, nikakuandikia kurasa za sheria kwa sababu zilikuwa rahisi kuliko kupanda gari.

Likizo niliyoomba, niliomba mara moja, kwa mdomo, nikafurahi waliponikatalia. Ningekuja ningelazimika kuingia chumbani kwake. Tangu msiba wa baba sijui ningeanzaje hata kumwamkia. Nilijiambia wakati utafika.

Nimepata ruhusa. Nitafika tarehe ishirini. Nitamwona karani. Yale makubaliano yaliwekwa kituoni wewe ukiwa ndani, pengine mahakama inaweza kuyatazama upya. Sikuahidi kitu, lakini nitajaribu.

Mwambie mama nampa shikamoo. Msomee hivyo hivyo.

Mjomba wako

*

Kwa Mama, 14 Juni

Mjomba,

Shikamoo. Nimemsomea. Aliitikia marahaba kwa sauti, kana kwamba umesimama mlangoni, halafu akauliza kama huko unakula vizuri. Nikasema unakula.

Unaona nilipoandikia. Tumemhamishia Bibi kwa Mama. Haikuwezekana tena, kila akihitaji kliniki mgongo wa Bosi ndio gari, na Bosi ana umri wake. Mume wa Mama ametupa chumba cha mbele, hakununa sana. Mtoto anamng'ata Bibi vidole siku nzima na Bibi anamwachia. Nyumbani tumefunga milango, nimebaki nikienda kuangalia paa kwa kupitia ngazi za nyuma.

Juzi nilipokuwa juu ya paa Fundi aliniona, akaniita kwa mkono. Nikashuka nikiwa nimejiandaa kwa maneno, maneno unajua ninayo. Akaniuliza hali ya Bibi. Nikamwambia. Akakunja kipande cha kitambaa. Kisha akasema, "Nilijua ana mtoto wa kiume. Miezi yote ile nilikuwa nangoja aje mtu mzima wa nyumba hii tukae tuzungumze. Ningerudisha ukuta ndani, upana wa mtu mmoja na fimbo yake. Chumba kisingeharibika. Badala yake mlinitumia mashine."

Nikamuuliza kwa nini hakusema. Akasema, "Niseme na nani? Na wewe? Kila nikikuona ulikuwa unanitishia polisi."

Nikamwambia asante, sijui ya nini.

Nikamuuliza kama sasa anaweza kuurudisha. Akanionyesha. Chumba kimeezekwa, cherehani tatu zimeshaingia, na ukuta niliouangusha ameujenga upya kwa zege.

Kwa yule karani nenda ukitaka, nitakusindikiza. Bibi anasema usijisumbue, kazi yako ni ya mbali. Lakini nimemsikia akimuuliza Mama ishirini ni siku gani ya wiki.

Basi shuka kituo cha mabasi cha huku kwa Mama, nitakungoja hapo. Usianzie mtaani kwetu. Utaukuta ukuta, na nyuma yake hakuna mtu wa kusikia ukibisha.

Cheche